Mkwe Wangu Alikula Kwenye Televisheni

Hadi leo, nikipita soko la Kashikishi na beseni langu la chisense, vile vidagaa vya ziwa letu, hakosekani mtu wa kuniuliza kama ni kweli mkwe wangu alikula mbele yangu. Nami humwuliza kama amekuja kununua samaki au kuchunguza ukoo. Anacheka, ananunua kikombe kimoja, kisha anauliza tena. Kwa hiyo nimeona niieleze habari hii yote kwa mara moja, nipate amani ya kuuza samaki wangu.

Mimi ni mtu wa ng'ambo. Nilizaliwa Kilwa, si ile ya pwani wanayoijua watu wa vitabu, bali Kilwa ya Kongo, upande wa pili wa ziwa Mweru. Nilivuka na mume wangu wakati wa vurugu, tukakaa Nchelenge, upande wa Zambia, akafia Nchelenge, nikabaki na binti mmoja na biashara ya samaki. Binti yangu alikulia hapa, anaongea Kibemba kuliko mimi, na alipofika umri wa kuolewa hakwenda mbali. Alimchukua fundi wa injini za mitumbwi wa hapa hapa ufukweni. Sikuwa na neno. Mtu anayeweza kufufua injini iliyozama ziwani ataweza pia kumvumilia binti yangu.

Wahenga walisema ukenda kwa wenye chongo, vunja lako jicho. Mimi niliyavunja yote mawili. Mwenyeji akikosea desturi, watu husema amesahau. Mgeni akikosea, husema Wakongo ndivyo walivyo. Sasa desturi ya huku kuhusu mkwe ni hii. Mwanamume akishaoa, haingii nyumba ya mama mkwe wake, hali mbele yake, hanywi hata maji mbele yake, na wakikutana njiani kila mmoja anageuza uso. Inaendelea hivyo mpaka siku upande wa mke utakapompikia vyakula vya kila aina, wamkalishe ndani, wamfunulie sahani moja moja, naye ale. Wanaita kumwingiza mkwe. Baada ya hapo anakuwa mtoto wa nyumba. Wako wanaoingizwa mapema, na wako wanaozeekea nje. Kwetu ng'ambo mkwe pia huheshimiwa, lakini huku heshima hiyo wameipigilia misumari.

Basi tuliishi, mimi na mkwe wangu, kama majirani waliogombana ambao wanapendana sana. Alipokuja kuziba paa langu alipandia nyuma ya nyumba, na alipohitaji misumari aliuambia ukuta, nami nikasikia. Nikipika, binti yangu alimbebea sahani iliyofunikwa, akala kwake. Sahani ilirudi imeoshwa mpaka inang'aa, nikajua chakula kimempendeza. Miaka yote hiyo sikuijua sura yake. Nilijua visigino vyake, mgongo wake, kofia yake na kikohozi chake.

Kikohozi nilikijua vizuri zaidi mvua za kwanza za mwaka ule, malaria iliponiangusha. Binti yangu alikuwa amekwenda Mantapala, kwenye makazi ya wakimbizi, kumsaidia rafiki yake aliyejifungua. Nililala peke yangu natetemeka. Mkwe wangu akapata habari, akaja na dawa. Alisimama nje ya mlango, chini ya ukingo wa bati, mvua ikimpiga ubavu mmoja, akiita jirani yeyote mwanamke aje aniingizie. Jirani alichelewa. Mlango wenyewe haukuwa umefungwa, ulikuwa umerudishwa tu. Mimi ndani nilimsikia akikohoa, yeye nje alinisikia nikitapika, na katikati yetu kulikuwa na ubao mmoja na heshima. Nililia siku ile, na si kwa ajili ya homa. Mtoto wa watu analowa mlangoni pangu na dawa yangu mkononi, na siwezi kumwambia ingia.

Nilipopata nguvu ya kutembea, mtu wa kwanza niliyemwendea alikuwa nachimbusa. Nachimbusa ni mwanamke anayewafunda wasichana mambo ya ndoa, na huyu ndiye aliyemfunda binti yangu. Kwa kuwa sina ndugu upande huu wa ziwa, yeye na wenzake ndio ukoo wangu. Ni mama mnene, mcheshi, mwenye sauti ya kumrudisha mvuvi aliyekwisha kuondoka. Nikamwambia nataka mkwe wangu aingizwe, upesi. Akakubali, lakini akasema tusubiri ziwa lifunguliwe. Kila mwaka, mvua zikikolea, serikali hufunga uvuvi ili samaki wazae, na mkwe hawezi kuingizwa kwa kabichi. Tukakubaliana hivyo: ziwa likifunguliwa tu, mkwe anaingia.

Hapo ndipo televisheni ilipojitia kati.

Kuna mchezo mmoja unaotoka Lusaka. Vijana wanakusanywa mahali, wanaamriwa kufanya mambo ambayo mtu mwenye mama hafanyi: kulala ndani ya sanduku lenye nyoka, kutembea juu ya kamba, kula vitu vya ajabu. Anayekataa anatoka, anayebaki mpaka mwisho anapewa zawadi. Ziwa likiwa limefungwa na injini zote zimelala, mkwe wangu alijiandikisha kwa simu bila kumwambia mtu. Akaitwa. Akapanda basi, na tuliposikia alikuwa amekwisha kurudi na friza.

Friza kubwa, nyeupe, ya kuhifadhia samaki. Hakuipeleka kwake, aliileta kwangu. Wanaume waliibeba mpaka mlangoni, yeye akasimama uani amenipa mgongo, akiuelekeza mpapai: kushoto, kulia, inueni kidogo. Friza ikakwama. Wakamwita aje ashike pembe moja. Akasema hawezi, hajaingizwa. Ikabidi mlango ung'olewe, na yeye, fundi ambaye angeung'oa kabla hujameza mate, akawaeleza wenzake namna ya kulegeza bawaba huku akitazama barabarani. Mimi niko ndani nimegeukia ukuta, naona kivuli tu cha friza ikiingia kwa adabu zote. Umeme wetu nao ni wa kubahatisha, kwa hiyo nikatia vitenge vyangu humo. Havijawahi kupata nyumba nzuri namna ile.

Watu wote walitaka kujua alishindaje. Hakusema, kwa maana wenye mchezo walimwapisha anyamaze mpaka siku ya kuonyeshwa. Siku ilipokaribia, binti yangu alikuja na ujumbe.

"Mama, bwana yangu anasema usiangarie ile televizio."

"Juu ya nini? Alivaa nini?"

"Hapana nguo, mama. Anasema tu, usiangarie."

"Mutu akikuambia usiangarie, donc kuko kintu."

Na mimi nilidhani nakijua hicho kitu. Pasta wetu alikuwa amekwisha kuuhubiri mchezo ule Jumapili mbili. Alisema wasichana wanavaa kaptula za kuishia kiunoni, wavulana wanatukana, na nyoka ni yule yule wa Edeni. Nikaona basi, mkwe wangu ameonekana na chupi nchi nzima, na ndiyo sababu anaona haya. Nikafikiri ni heri nione mwenyewe kuliko kusimuliwa sokoni na watu wanaoongeza chumvi. Wanasema macho hayana pazia, na mimi sikuwa na nia ya kuyashonea.

Tulitazama kwa nachimbusa, Jumapili mchana baada ya ibada. Ana dishi, ana sola, na televisheni aliitoa barazani, juu ya meza ya kuuzia nyanya. Wanawake tulikaa mbele kwenye mikeka, wanaume nyuma juu ya kreti za bia. Nilichagua mkeka wa mbele kabisa, kwa ajili ya macho yangu mabovu. Macho yangu hayana ubovu wowote.

Kwanza yakatokea maandishi ya kuonya kwamba watoto wadogo wasitazame. Nachimbusa akawafukuza watoto, wakaenda kutazamia juu ya ukuta. Kisha mchezo ukaanza, na kwa kweli nilianza kumwona pasta ni mwonevu. Watu wale wana adabu! Msichana mmoja blauzi yake ilipanda, wakafunika kitovu chake kwa ukungu. Huku kwetu hakuna mtu aliyewahi kupotezwa na kitovu, lakini nikaona nia yao ni njema. Mmoja akatapika, wakaweka ukungu. Mmoja akatukana, wakaweka mlio. Nikamwambia nachimbusa kwamba hawa wamefundwa.

Ndipo wakaletewa bakuli zilizofunikwa. Mtangazaji akaziba pua, akafunua, na ndani mna viwavi. Finkubala, wale wanono, wamechemshwa tu, hata chumvi hawana. Uani kote kukalipuka kelele za furaha. Wale vijana wa Lusaka wakaanza kulia. Mmoja akaweka kiwavi kimoja mdomoni, akakitema mchangani.

"Awe, mayo!" nachimbusa akasimama. "Anatema! Chakula!"

Kwa dakika chache hiyo ndiyo ilikuwa aibu kubwa kuliko zote. Wanawake walimtaka yule kijana kwa jina, walimtaka mama yake, walitaka bakuli ile iletwe Nchelenge kwa basi la kwanza. Mwanamume mmoja nyuma alisema kaptula si kitu, hiyo ya kutema ndiyo ingefunikwa kwa ukungu.

Kisha wakamwonyesha mkwe wangu. Alikuwa na nguo zake zote, tena shati la kanisani. Aliitazama bakuli, akaomba maji ya kunawa. Akanawa. Akaomba chumvi. Akauliza kama hakuna bukari, yaani ugali, kidogo ya kushushia. Mtangazaji alicheka mpaka akashika magoti. Mkwe wangu akaanza kula, pole pole, kama mtu aliyerudi kutoka kazini, na wapiga picha wakamsogelea mpaka uso wake ukajaa televisheni nzima.

Nikamwona. Ana pengo la meno mbele, juu. Ana kovu dogo kwenye kidevu. Anatafunia upande wa kushoto, na akipendezwa anafumba jicho moja. Nilikuwa na nafasi ya kugeuza uso, na shingo yangu ni nzima. Sikuugeuza. Nilimtazama mtoto yule niliyemlisha miaka mingi bila kumwona, na nilifurahi sana.

Nachimbusa alikuwa wa kwanza kukumbuka. Alinitazama, akaitazama televisheni, akanitazama tena.

"Insoni! Aibu gani hii! Mama mukwe iko hapa!"

Akafungua kitenge chake cha juu, chenye picha za kuku, akakitupa juu ya televisheni. Mwingine akaniziba macho kwa viganja vinavyonuka samaki. Lakini kitenge hufunika picha tu, hakifuniki sauti, na rimoti mtu alikuwa ameikalia. Kutafuna kukaendelea chini ya wale kuku, tena kwa raha zote. Kisha tukamsikia mtangazaji akimwuliza kama kuna chakula chochote duniani anachokiogopa.

"Kipo," mkwe wangu akajibu kwa Kibemba. "Bukari ya mama mkwe wangu."

Wanawake wakavuta pumzi. Mimi nikaondoa vile viganja usoni.

"Ni mpishi kuliko wote," akaendelea. "Lakini bado sijaingizwa. Nimemzibia paa, nimemletea dawa, sijawahi kula mbele yake. Siku atakapokaa anitazame nikila, sijui kama itapita kooni. Hiyo ndiyo naiogopa. Hii ya kwenu ni mboga tu."

Mtangazaji akacheka bila kuelewa. Kengele ikalia, mkwe wangu akawa mshindi, na hakuna aliyepiga makofi. Nilibaki nakitazama kitenge.

Maneno ya namna ile hayakai chini. Kufika Jumatatu asubuhi habari zilikuwa zimefika Chienge. Mkwe wangu alijua kwamba nilikuwapo, tena mkeka wa mbele, na akapotea. Aliacha kupita barabara yetu, akawa anapitia ufukweni, akikanyaga matope na viatu vizuri. Mvua ikatoboa paa langu upande wa jikoni, na ukuta haukuwa na mtu wa kuuambia. Siku nne, tano, nikaweka sufuria chini ya tundu na kuyasikiliza matone. Kisha binti yangu akaja analia.

"Mama, ba mujomba yake banasema, mulango ikisha kubomoka, hodi ya nini tena? Ulimuona anakula. Batu bote balikuona unaangaria. Banasema mambo ya kumuingiza imekwisha."

"Na yee anasema nini?"

"Yee hasemi. Iko na haya. Alikulomba usiangarie, mama."

Nilikasirika kwanza, kwa maana hasira huniwahi. Nikasema wajomba zake wana midomo ya kuazima. Lakini alipoondoka nilikaa karibu na friza yangu ya vitenge na nikaogopa kwelikweli. Ninazeeka. Malaria itarudi, huwa inarudi. Na kama hakuingizwa, atakuja tena na dawa na kusimama mvuani, mwaka huu na mwaka ujao, mpaka siku atakaposimama pale na mimi ndani siitiki.

Wiki ile ile redio yetu ya hapa ilifanya mjadala juu ya mchezo ule, kwa kuwa malalamiko yalikuwa mengi nchi nzima. Kwenye simu waliunganishwa na ofisa mmoja wa Lusaka, wa kusimamia maadili ya matangazo. Pasta alipiga, akasema kaptula. Mvuvi wa Puta alipiga, akasema kutema. Nachimbusa akachukua simu yangu, akapiga kwa vocha yangu, akasema mdomo.

"Mdomo upi, mama?" mtangazaji wa redio akauliza.

"Wa shifyala, wa mukwe! Kitovu munafunika, mdomo munaacha wazi. Mama mukwe anaangalia, mukwe anakula, na nyinyi hamuandiki kitu mbele. Watoto munaandikia. Wakwe hamuandikii!"

Ofisa alisikiliza vizuri, sitamsema vibaya. Alieleza kwamba kanuni zinataja uchi, matusi, damu, na kuwatesa wanyama. Kuhusu wakwe hakuna kifungu. Nachimbusa akamwuliza ni nani aliyeziandika, kwani hakuoa? Ofisa akakohoa, akasema kwa sauti ya chini kwamba yeye mwenyewe ana mama mkwe Kasama na bado hajaingizwa, na tangu asubuhi anajiuliza juu ya video ya harusi ya shemeji yake, ambapo alipigwa picha akila kuku. Je, mama atakuwa ameiona? Nachimbusa akamwambia anunue vitenge, viwili, apeleke haraka. Mtangazaji akaweka muziki.

Kwa hiyo serikali haikuwa na msaada, yenyewe ilihitaji msaada. Nachimbusa akawaita wanawake wenzake nyumbani kwangu, waamue. Walikaa mchana kutwa na walikunywa munkoyo wangu wote, kile kinywaji chetu cha mahindi. Mmoja alisema televisheni ni kama ndoto, na hakuna mtu anayetozwa faini kwa kuotwa. Mwingine akasema hapana, ni dirisha, na anayekula dirishani anajua kuna wapita njia. Wa tatu, mwalimu mstaafu, alisema kule kula ni kwa zamani. Siku mkwe alipokuwa akila viwavi, mama mkwe alikuwa hapa anafua vitenge, kwa hiyo aliyekula na aliyetazama hawakukutana. Nilimpenda huyo. Nikamwongezea munkoyo.

Mwishowe nachimbusa akafuta mdomo, akatoa hukumu.

"Mukwe hakukosa. Yeye alikula kwa watu wa Lusaka, na alikulomba usiangalie. Aliyekosa ni jicho. Jicho ni la nani?"

Wote wakanitazama.

"La mimi?" nikasema. "Miye njo nilikula binkubala?"

"Kuku mmoja," akasema nachimbusa. "Mzima, wa kutembea. Umpelekee mukwe, haya yake imalizike."

Hakuna mtu tangu Nchelenge iwe Nchelenge aliyewahi kusikia sheria ya mama mkwe kulipa kuku. Waliitunga pale pale, juu ya mikeka yangu, na kinywaji changu tumboni. Nilinuna mpaka jioni. Kisha nikaona: wajomba wakisikia kwamba mimi ndiye niliyetozwa, basi mlango haukubomolewa na mtoto wao. Mimi ndiye niliyechungulia, na mtu akichungulia, mlango bado upo. Yule mama mnene si mjinga hata kidogo. Nikakamata tetea wangu mwekundu, yule anayetaga kuliko wote, nikampa binti yangu ampeleke.

Asubuhi iliyofuata nilisikia hatua juu ya bati upande wa jikoni. Kikohozi. Kisha sauti ikauambia ukuta kwamba misumari mitatu itatosha. Nikaiweka dirishani, nikaenda kulia kwenye friza ili asinisikie.

Ziwa likafunguliwa. Mitumbwi ikarudi na wale samaki tunaowaita pale, wanene, na siku ya siku wanawake wakapika tangu alfajiri uani kwangu, wakiimba nyimbo ambazo sizitaji hapa, maana hizo ndizo zinazohitaji ukungu. Wakamleta mkwe wangu ameinamisha kichwa. Kwenye kizingiti alisimama, nachimbusa akamsukuma mgongoni, akaingia. Wakamkalisha kwenye mkeka katikati ya chumba, na mimi nikakaa kwenye kigoda nikimtazama. Nachimbusa akafunua sahani moja moja na kuisemea: pale wa kukaanga, chisense, kuku, sombe ya majani ya mihogo, maharage, majani ya maboga, na mwisho kabisa finkubala, niliowapika mimi mwenyewe kwa kitunguu na chumvi ya kutosha.

Alinawa. Akamega bukari, akafinyanga tonge, akachovya. Na hapo akashikwa. Mkono ulifika nusu ya njia ukagoma. Jasho likamtoka. Mtu aliyelala na nyoka sandukuni, akala viwavi baridi mbele ya nchi nzima, tonge lilimshinda kulipandisha.

"Bingwa!" wanawake wakamcheka. "Bingwa wa televisheni! Tukuitie wapiga picha?"

Aliniinulia macho, kwa mara ya kwanza. Alikuwa na hofu kweli, kama alivyosema.

"Kula, mutoto yangu," nikamwambia. "Hapa hakuna kamera. Ni miye tu."

Akacheka, pengo likaonekana, tonge likaingia. Akatafunia upande wa kushoto. Alipofika kwenye finkubala akafumba jicho moja, na vigelegele vilipigwa mpaka mbuzi wa jirani wakakata kamba.

Tulikuwa bado tunakula mvua ilipolipiga bati, ile ya ghafla ya mwisho wa msimu. Mkwe wangu akainuka. Hakufikiri, miguu yake ndiyo iliyofikiri. Alitoka na mboga bado mkononi, akasimama nje chini ya ukingo wa bati, mahali pale pale, ambapo ardhi ina mashimo mawili ya visigino vyake. Akanipa mgongo. Mvua ikaanza kumpiga ubavu mmoja.

Nikaenda mlangoni.

"Unaenda wapi?"

"Mvua, mama," akasema, akiuambia mpapai.

"Njo maana. Ingia, ufunge mulango."

Akageuka, akanitazama. Akaingia, akaufunga kwa ndani.